Maneno Niliyomfupishia Sironka

Jumatatu, 3 Machi 2025

Sironka, kijana niliyemtafsiria zamani mahakamani, amenikuta nje nikiota jua. Kampuni moja hapa Kitengela imemkubali awe mlinzi, ila inataka cheti cha tabia njema. Alama za vidole zikafukua jambo la zamani — kesi ya kusafirisha makaa bila kibali, mahakama ya Kajiado, akiwa na miaka kumi na tisa. Alilipa faini. Sasa amepewa mpaka mwisho wa mwezi kusafisha jina. Rekodi inasema alikubali kosa. Anashangaa: alikubali lini?

Nimeshtuka. Miaka yote niliyokuwa karani na mkalimani pale, niliamini mtu akilipa faini mambo yameisha. Ndivyo tulivyowaambia wachungaji kwenye korido: kubali tu, lipa, rudi kwa ng'ombe wako. Kumbe haiishi!

Jumatano, 5 Machi

Kifua kimenikaba tena. Daktari hakunificha. Basi niandike.

Sironka hakukubali kosa. Alieleza kwa Kimaasai, tena kirefu — makaa si yake, alipewa lifti tu kwenye lori la kutoka Bissil. Kiswahili hakukijua wakati huo. Hakimu akaniuliza anasema nini. Nikajibu, "Anasema ni kweli."

Angekana, angekaa rumande kungoja kesi, na mamake yuko nje analia. Niliona ni huruma. Sikumwuliza.

Alhamisi, 6 Machi

Evalyne amekuja, wakili wa kanisani kwetu. Nimemweleza yote, Sironka akiwepo. Anasema bila kiapo changu hakuna rufaa. Nikiapa, hukumu inaweza kufutwa.

Binti yangu Gathoni akaingilia. "Baba, unataka kufia jela?"

Wakili hakumpa ahadi yoyote.

Sironka akaweka kikombe cha chai chini. Kisha: "Mzee, mimi nilijua hakimu hakuniamini. Kumbe hakunisikia."

Akatoka bila kuaga.

Jumamosi, 8 Machi

Amerudi. Na mamake, Naipanoi, na maziwa kwenye kibuyu. Nikamsalimu, "Takwenya." Akaitika, "Iko." Akasema huniombea kila Jumapili, maana mimi ndiye niliyemrudishia mtoto.

Sironka hakuwa amemwambia kitu! Alitaka asikie kwangu.

Nikamwambia, kwa Kimaasai, bila kupunguza. Alisikiliza akiwa ameshika kibuyu vilevile. Hakunilaani. Kunibariki pia hakunibariki.

Sasa niko chumbani, nimeingia kuchukua kitambulisho twende nikaape. Evalyne anangoja kwa gari. Mama anaongea na mwanawe sebuleni, polepole, na mlango uko wazi:

"Kabla hajatoka, muulize. Baba yako naye, walipomfunga kwa sababu ya malisho, huyu akitafsiri, alisema nini?"

Kitambulisho niko nacho mkononi. Nimekaa kitandani. Najaribu kumkumbuka huyo mtu — hata uso wake siupati.