Randa Namba Arobaini na Tatu

Jumatatu, 4 Machi

Leo nimeingiza randa kwenye daftari la zana zangu za kale za useremala. Namba 43. Ni ile nyembamba niliyoiokota kwa muuza vyuma chakavu, imepakwa bluu kama mlango wa choo. Siku nne za kuikwangua kwa kipande cha kioo, polepole, nisije nikaumiza mti. Chini ya rangi — mhuri wa fundi! Nyota ndogo na herufi mbili. Nyota hiyohiyo iko kwenye patasi namba 12. Kumbe ni mkono mmoja. Anayejua hilo ni mimi peke yangu.

Mdogo wangu kapita kuchukua ngazi yake. Yeye ana karakana ya mashine, umeme mtupu. Katazama rafu zangu, kaniuliza kama kutu nayo huzaa. Nikamwambia huzaa kwa wasio na adabu. Kacheka. Mimi si sana.

Alhamisi, 7 Machi

Chuma cha randa kimetoka kwenye mti wake. Mafuta ya taa, mswaki wa zamani, subira. Makali yake hayakunyooka: bonde, kilima, kisha kidato kidogo. Nimeyachora kwa penseli. Mikwaruzo ya jiwe la kunolea bado ipo — ya mtu aliyekufa kabla babu hajazaliwa.

Sitaigusa. Kanuni yangu ni moja: nasafisha, napaka mafuta, sinoi. Nikinoa, nafuta mkono wake.

Jumanne, 12 Machi

Mdogo wangu kaja na sura ya mtu aliyepoteza kitambulisho. Amepewa milango ya maktaba ya zamani. Mchwa wamekula mapambo ya pembeni. Mashine yake haina kisu cha umbo lile. Msimamizi kamwambia ikishindikana hadi Ijumaa, milango inang'olewa, inawekwa ya vioo.

Kaweka kipande cha mlango mezani. Nikakitazama. Bonde, kilima, kidato.

Nikaileta 43, nikaiweka juu yake. Ikakaa kama jino kwenye ufizi.

Kainama kuitazama kwa karibu. Kisha: "Dada, niazime."

Nikamwambia haikati. Mpaka inolewe. Nikamwambia aniache nifikiri. Kaondoka bila utani, na hilo ndilo lililoniumiza.

Jumatano, 13 Machi

Nimepiga picha makali pande zote. Nimeyakandamiza kwenye nta ya mshumaa, nimeandika tarehe. Mikwaruzo yake nimeihifadhi. Halafu nimenoa.

Kisha nimemwita mdogo wangu aje na mbao.

Mdogo wangu alishika ubao, mimi nikasukuma. Maranda yakatoka marefu, membamba, yakijikunja hadi sakafuni. Kaniuliza nani kanifundisha, mimi niliyepiga chapa ofisini miaka thelathini. Nikamwambia baba alikufundisha wewe, mimi nilikuwa nafagia. Anayefagia huona kila kitu.

Alichukua ufagio mwenyewe.

Ijumaa, 15 Machi

Vipande viwili vimewekwa mlangoni. Msimamizi kapitisha kidole, hakupata mahali kipya kilipoungana na cha zamani. Karudia kwa kucha. Hakupata.

Milango inabaki! Sasa anataka vipande kumi na vinane, na randa iachwe pale kwa mafundi wake. Mdogo wangu yuko mlangoni kwangu, simu sikioni, na mimi nasikia upande wake tu. Kasema randa haitoki bila mwenyewe. Kasikiliza. Kasema hapana, mwenyewe si yeye. Kasikiliza tena. Kasema kama wanataka mtu wa kuisukuma, ni dada yake, na wamwite fundi, si mama.

Nimeinamia daftari nikijifanya naandika namba. Macho yameloa. Sikuwahi kuitwa hivyo na mtu wa ukoo huu.

Kaziba simu kwa kiganja, ananiuliza gari likija saa nne nitakuwa tayari. Nimemwambia aulize kwanza benchi yao ina kimo gani, maana mimi ni mfupi na sitasukuma nikiwa nimesimama kwenye ndoo. Anauliza. Upande wa pili wanapima.