Mgomba katika Shimo la Matofali

Kambi ya wakimbizi ya Dzaleka, Jumapili baada ya ibada

Mpendwa yaya Benedicte, dada yangu mkubwa,

Kabla hata ya salamu, nikuambie jambo ambalo sijawahi kumwambia mtu. Mama anaposema "kwetu", mimi sioni Bukavu. Ninaona lile shimo nyuma ya nyumba, tulikochimba udongo wa matofali. Nimejaribu kuliona ziwa na vile vilima anavyotusimulia, nikashindwa. Nisamehe kwa kuanza vibaya.

Sasa nakusalimu vizuri. Hujambo wewe? Shemeji Sylvain hajambo? Na Tuyishimire wetu, meno yameshaota? Sisi huku tu wazima. Mama bado anakohoa asubuhi, lakini kwenye kwaya sauti yake ndiyo inayotangulia. Mvua zililainisha ukuta wa upande wa jikoni, nikaukandika upya. Lile tofali nililolikanyaga utotoni likiwa bichi bado liko karibu na mlango, na wageni bado wanacheka alama ya mguu wangu. Barua hii anakuletea jirani yetu Guelord, anayekuja Lilongwe kununua vitambaa. Ningepiga simu, ila unaijua nyumba yetu, chumba na pazia, Mama angesikia kila neno, na unanijua mimi, naandika vizuri kuliko ninavyosema.

Unakumbuka kitovu cha mtoto kilipodondoka, ukiwa bado hapa kwetu. Mama alikikausha, akakifunga katika kitambaa cheupe, akasema kitazikwa kwenye migomba ya Babu kule Bagira, Bukavu, kama vyetu vyote. Shemeji alipoulizwa alisema yeye hana neno, maana chake kilibakia mu njia wakati bazazi wake balikuwa banakimbia, na njo maana hachokake kutembea. Sote tulicheka isipokuwa Mama. Alisema hapa tuko bapita njia tu, na mtoto hazikiwi kitovu mu njia. Ndiyo sababu miaka yote hii anapanda maharage na mboga za lengalenga, vitu vya kuvuna na kuondoka. Mche wa parachichi aliopewa na Wamalawi wa kanisani aliugawa siku ileile.

Basi, mjomba wetu, tonton Lwaboshi, alipokwenda Bukavu kimya kimya, wakuu wa kambi wasijue, kumwona bibi yetu mgonjwa, Mama alimpa kile kitambaa. Aliporudi alimwambia amekizika, migomba imenenepa, na hata ndizi amekula. Mama aliimba siku nzima. Aliwaambia kina mama wote wa kwaya kwamba mjukuu wake ana kwao.

Jioni tonton aliniita nyuma ya nyumba, akatoa kitambaa mfukoni. Kilikuwa kilekile, fundo lilelile la Mama. Alisema kwamba Bagira hakuna tena mgomba hata mmoja wa Babu. Mlima wote umejengwa, paa la huyu liko chini ya mlango wa yule. Penye migomba pana jiko la mama mmoja. Tonton alimwomba kwa heshima ruhusa ya kuzika kitu kidogo kwenye parseli, yaani kiwanja chake. Yule mama alipouliza ni kitu gani, tonton akafungua kitambaa. Yaya, fikiria. Mwanaume asiyejulikana, kitu kikavu cha mwili wa mtu, na anataka kukizika kwenye uwanja wako! Yule mama alipiga kelele za "mulozi!", mchawi, mpaka vijana wakatoka na fimbo. Tonton alikimbia, kiatu kimoja akakiacha huko. Aliponisimulia nilicheka, kisha nikaona kwamba yeye hacheki. Aliniambia, "We njo hausemaka. Kamata, mi nimeshindwa." Alimaanisha mimi ndiye nisiyetoa siri. Tangu hapo hapiti nyumbani.

Nilikificha kwenye kopo la kalamu, nikawa nakwenda nacho shuleni. Sikuelewa mwalimu alifundisha nini wiki ile. Kama kitovu changu kiko chini ya jiko la mtu anayetuita wachawi, mimi ni wa kule bado? Na kama si wa kule, ni wa hapa, ambako Mama hataki hata kupanda parachichi? Kumwambia Mama niliogopa, maana furaha yake yote ilikuwa juu ya uongo ule. Kukitupa siwezi, ni cha mwanao. Nilitaka kukuuliza wewe kwanza, na hapo ndipo nilipokosa.

Sikukuuliza. Nilikwenda sokoni Madisi kwa kabaza, pikipiki ya abiria, nikamwendea mama mmoja anayeuza ndizi, nikamwomba chipukizi la mgomba. Aliniuliza kama nina shamba. Nikasema nina shimo. Alicheka, akanichagulia lenye mizizi mizuri, nikamshukuru kwa Kichewa, zikomo. Mama akiwa kwenye mazoezi ya kwaya nilishuka ndani ya shimo la matofali, nikachimba, nikaweka kitambaa, nikapanda mgomba juu yake. Kitovu cha Tuyishimire kiko hapa Dzaleka, yaya. Ni mimi niliyekizika.

Mama alipouona mgomba alisema, "We mutoto, unapenda tuzeeke hapa?" Hakuung'oa. Sijui kama nimempa mwanao kwao au nimemnyang'anya. Ukikasirika nitaelewa. Ukitaka nikifukue, niandikie.

Nisalimie shemeji, umbusu mtoto kwenye mashavu yote mawili. Mungu awafunike.

Ni mimi mdogo wako,
Charlène

Yaya, nimeifungua tena bahasha. Nilipokwisha kuandika niliona si haki wewe ujue na Mama asijue. Nilimwita nje, nikamwambia yote, ya tonton, ya jikoni, na ya kitambaa. Alikaa ukingoni mwa shimo, kitenge kikiburuzika kwenye tope. Hakulia. Aliniuliza kitu kimoja tu, nimechimba kina gani, kwa sababu mbwa wa jirani wanafukuafukua. Nilimwonyesha kwa mkono, mpaka kwenye kiwiko. Akasema haitoshi, akaingia ndani. Mimi nikachukua jembe, nikashuka shimoni, nikaanza kuongeza udongo.