Kaa Niliyemtaka

Jumapili, mwezi wa saba, 2008. Mumbuni.

Leo jua limegoma kabisa. Ukungu umelala juu ya vilima vya Iveti tangu asubuhi, na mimi mtu wa pwani ya Kilifi nimevaa soksi mbilimbili na sweta ya mume wangu. Lakini nina furaha, na nataka kuiandika ingali moto.

Nimekula.

Kwa msiojua, mwaka jana niliharibikiwa na mimba ya miezi minne. Hii ya sasa imeipita ile kwa wiki moja tu, na tangu mwanzo nikila natapika: uji, ugali, muthokoi wa mahindi yaliyokobolewa, hata maji ya ndimu. Kliniki muuguzi aliitazama mizani, akanitazama mimi, akasema nikizidi kupungua kufikia Jumanne nitalazwa. Nilijua ninachokiogopa, na si kitanda cha hospitali.

Acha niseme ukweli. Huyu sijawahi kumsemesha. Yule wa kwanza nilikuwa nampigia soga tangu alfajiri, nikamchagulia na jina. Huyu namwita "hali yangu", basi. Niliogopa kwamba nikimpenda ataondoka.

Sasa Jumatatu iliyopita, nimelala hoi, nikashikwa na hamu. Nikamwandikia mume wangu Musyoka meseji kazini kwake Mlolongo, anakouza spea za malori: "Nina hamu ya kaa." Jioni akarudi na kitu kimefungwa kwenye gazeti, amekishika kwa mikono miwili. Kufungua, kipande cha makaa! Kimeoshwa, kimekaushwa, hakina hata vumbi.

Jamani! Kwetu kaa ni yule wa mikokoni, mwenye magando. Kwa Musyoka, mtoto wa Muthetheni huku bara, kaa ni la jikoni, na kwa vile dada yake alipokuwa mjamzito alitafuna udongo, yeye wala hakushangaa. "Nilichagua ile safi, haiko na moshi," akaniambia. Nilicheka hadi mbavu zikauma, kisha nikalia. Mwezi mzima nilikuwa namnunia mtu huyu, naye alikuwa amesimama kwa muuza makaa akinichagulia kilicho bora.

Nikamweleza kaa ni nini. Jana akaja na gunia limeloa chapachapa. Dereva mmoja mteja wake alikuwa amemletea kutoka Mombasa kaa watano, wazima, magando yamefungwa kwa kamba.

"Asi! Hii kitu inaniangalia," akasema, akarudi nyuma mpaka mlangoni na mwiko mkononi.

Leo mchana nikawachemsha. Walipopoa, Musyoka akapata ushujaa. Alivunja magando kwa mchi, akachokoa nyama kwa mpini wa kijiko, akatoa kila kigamba kidogo kwa kidole. Nikaichanganya na viazi viwili vya kuponda, kitunguu, dania, pilipili mbichi na ndimu. Nikafinyanga katlesi, nikazichovya kwenye yai, nikazilaza kwenye kikaango chenye mafuta kidogo tu. Zikaanza kuchachatika, harufu ikapanda, nami nikangoja tumbo lichafuke kama kawaida yake.

Halikuchafuka.

Ya kwanza nimekula kwa woga, beseni miguuni. Ya pili nimeila hata beseni nimelisahau. Ya tatu nimeomba mwenyewe. Musyoka aliila yake amefumba macho kama anayemeza dawa ya malaria, kisha akafumbua jicho moja, akachukua nyingine. Wacha we!

Baada ya hapo tukawa tunaitazama saa ya ukutani. Saa nane. Saa tisa. Ilipofika saa kumi akaliinua beseni, kavu, akalipeleka bafuni, na huko nikamsikia akilia. Alifungulia bomba ili nisisikie. Nilisikia.

Nikabaki mezani peke yangu. Nikaweka mkono tumboni, nikasema kwa sauti:

"Mwanangu, hizo zilikuwa katlesi za kaa. Ukija nitakupikia zako, na babako atakuchambulia."

Sauti yenyewe ilinitoka kama ya mgeni aliye mlangoni. Nikaendelea tu. Nikamweleza Kilifi iko wapi, baridi ya huku ikoje, na babake alivyo.

Jumanne itakuja na mizani yake. Leo nimezungumza na mtoto wangu.