Kucha za Kunturi

Shikamoo Mama Hilaria wa redio. Nisikilize kwanza, kunigombeza kufuate. Mama mkwe wangu, Mama Exalta, alipokwenda mjini Oruro kumuuguza dada yake aliniachia Kunturi, lama dume, mnyama wetu wa mizigo, ambaye marehemu baba mkwe alimpokea kwa mikono yake alipozaliwa, aliyekuwa akitangulia msafara wetu wa chumvi kabla malori hayajatupokonya kazi, basi mimi nikamweka kwenye malisho ya majimaji anenepe, nikijiona mkwe mwema, kumbe bila mawe ya njiani kucha hazisagiki, zikarefuka zikajipinda mpaka akawa anachechemea, nikachanganyikiwa, nikamrushia kamba, nikamlaza na kumfunga miguu yote minne kama tunavyowafunga siku ya kuwatoboa masikio, nikachukua mkasi wa sufu, akachomoa mguu mmoja, akarusha teke, nikakata nyama. Damu ilitoka, Mama, akalia kwa sauti ambayo sijapata kuisikia, nami nikalia.

Miguu mitatu bado. Akiniona tu ananitemea mate na kupanda mlimani. Mama Exalta anarudi baada ya wiki tatu, kwa sikukuu ya Kanivali, amvike vishada vya sufu masikioni kama kila mwaka. Shemeji yangu Policarpo ananicheka, ananiambia, "Mchinje, tukaushe nyama, mwambie mama kwamba puma kamla. Puma hatakuja kujitetea." Nimeshanoa kisu. Nifanyeje?

Gumercindo

*

Gumercindo, rudisha kisu jikoni, ndipo uendelee kunisikiliza.

Nakuonea huruma, maana aliyelia na mnyama wake si mtu mbaya. Lakini wewe mfugaji mzima, hujawaona madume wakipigana? Wanaumana miguu, na anayekamatwa mguu ameshindwa. Wewe ukamkamata yote minne, tena kwa kamba anayoijua. Mwaka mzima hamumgusi, siku mkimgusa ni kumtoboa. Akuamini kwa lipi?

Mwingize kwenye zizi dogo na mwenzake mpole mmoja. Siku ya kwanza simama ubavuni pake, mpe shayiri kidogo, uondoke. Akikuzoea, weka mkono begani, ushuke taratibu. Akikaza misuli, mkono ubaki hapo hapo mpaka atulie, ndipo uutoe. Ukiutoa akiwa anarusha teke, umemfundisha kwamba teke ndiyo dawa yako. Baadaye inua mguu kidogo tu, na uushushe mwenyewe kabla hajaudai. Kata baada ya mvua, kucha zikiwa laini, ncha tu, mguu mmoja kwa siku. Kidonda kikitoa usaha, muite daktari wa mifugo. Akipona, mtembeze kwenye mawe, na achana na huko kunenepesha.

Wiki tatu huenda zisitoshe, nakwambia ukweli. Kwa hiyo mpigie simu mama mkwe wako leo, si kesho. Mwambie, "Mama, nimemkata Kunturi, ananikimbia, njoo mapema." Atakutukana, na umestahili, kaa kimya umalize kutukanwa. Halafu atapanda basi, kwa sababu mkono wake Kunturi anaujua.

Na huyo Policarpo asikupotoshe. Mama yule amekwisha kumzika mume. Ukimwambia puma kamla, utakuwa umemfanya mjane mara ya pili, kisha utakaa naye ukimpa pole.