Kwa Alton Breland, Aliyetuachia Bi Hattie

Umetimia mwaka mzima, mpendwa wetu Alton, tangu Jumatano ile ya Machi. Ulimtoa panya kwenye friza, ukamtia katika kikombe cha maji ya moto ayeyuke, ukaenda kukaa kwenye kibaraza cha nyuma umngoje. Mkeo Verna alikuwa akianika mashuka. Alipokuja kukuuliza kama utakula mayai, maji ya kikombe yalikuwa yamekwisha kupoa, na wewe ulikuwa umeegemea kiti kama mtu anayesikiliza jambo la mbali.

Panya yule alikuwa wa Bi Hattie. Hakumfikia.

Majirani wanamjua Bi Hattie. Wengine na tuwaambie: ni nyoka wa mahindi, mwekundu kama tofali, hana sumu, na ulikaa naye miaka kumi na minne tangu ulipomwokota ghalani akiwa mwembamba kama penseli. Ulimpa jina la mwalimu wako wa darasa la nne. Ulisema wote wawili walikuwa wekundu, wapole, na hawakutaka kuguswa kichwa.

Ulikuwa na namna yako ya kumshika. Kwanza ulinawa mikono mpaka viwiko, isinuke panya, maana nyoka, ulisema, haumi mtu, huuma harufu. Hukumnyakua kwa juu kama mwewe. Uliingiza mkono ubavuni taratibu, ukamwinua kwa katikati, kisha ukamwacha apite mwenyewe kiganja hadi kiganja, kama maji yanayotafuta njia. Binti yako Corinne alipokuwa mdogo ulimwambia, "Usimkamate. Mbebe tu." Akilishwa, siku mbili hakuguswa na mtu, kwa sababu nyoka akisumbuliwa tumbo likiwa limejaa hutapika, na akitapika mara kwa mara hufa. Neno hilo ulilirudia mezani mpaka tukawa tunakumalizia sisi.

Verna hakumgusa kamwe. Siku ulipomleta alikwambia uchague, yeye au nyoka. Ulimtazama, ukamtazama nyoka, ukasema, "Basi nitakukumbuka sana, Verna." Alicheka hadi akatafuta kiti. Lakini katika chumba kile hakuingia.

Kazi yako ilikuwa kutengeneza pampu za visima, na nusu ya kazi hiyo ilikuwa kuwazuia watu na majembe. Huku kwetu Carolina kila nyoka mwenye madoa mekundu huitwa kichwa-shaba, yule mwenye sumu, na hukatwa vipande viwili kabla hajaulizwa. Wewe ulikuwa unamgeuza. "Lisomeni tumbo," uliwaambia. Tumbo la nyoka wa mahindi lina miraba myeusi na myeupe kama ubao wa dama. Ukishawaonyesha, ulikuwa unampakia kwenye gari lako, unaondoka naye, bila kumdhihaki mtu. Hilo pia tunalikumbuka. Hukumdhihaki mtu kwa kuogopa.

Tulikuzika Jumamosi. Akina mama wa kanisani walileta kuku, mkate wa mahindi na maharage, kila bakuli na jina la mwenyewe limebandikwa chini ili lirudi kwao. Bi Lorene ndiye aliyekusanya vyombo vya kuosha, akakichukua na kile kikombe, panya bado ndani. Hakupiga kelele. Alikaa chini polepole, akasema, "Verna, mpenzi, hiki sikukipika mimi." Verna alicheka, na kicheko kikageuka kikawa kile kilio ambacho kaburini hakikutoka.

Siku ya kumi na moja ndipo alipokumbuka kwamba chumbani kuna kiumbe hakijala.

Aliingia peke yake. Alimyeyusha panya kama alivyokuona ukifanya, akampelekea kwa koleo ndefu, na Bi Hattie akala. Verna alisimama akitazama ule uvimbe ukishuka shingoni. Kanuni aliijua, Alton. Usidhani aliisahau. Anasema alijua na mikono ikaenda tu. Alimwinua kwa katikati, na nyoka akamzunguka kifundo cha mkono, akapanda juu, mzito na wa vuguvugu kama mkono wako ulipokuwa ukimlalia usingizini. Tangu mazishi, anasema, hicho ndicho kitu cha kwanza kilichomwendea bila kumwonea huruma.

Kisha Bi Hattie akatapika. Verna akamrudisha katika sanduku lake, akafunga kibanio kimoja badala ya viwili, akakimbilia bombani kunawa. Aliporudi, sanduku lilikuwa tupu.

Corinne alikuja kutoka Augusta na gari tupu. Kwake alikuwa ameandaa chumba, amenunua hata mapazia, na sote tuliona ni sawa mama asibaki peke yake katika nyumba hii. Verna alimsikiliza mpaka mwisho.

"Nitakuja akipatikana," alisema.

"Mama, huyo ni nyoka."

"Najua ni nini. Baba yako aliniachia kitu kimoja chenye roho, na siku ya kwanza kukishika nimekipoteza."

Tulimtafuta kwa njia zako. Tulinyunyiza unga wa ngano vizingitini, na asubuhi tukakuta mstari uliopindapinda kutoka jikoni mpaka kwenye tundu la bomba chini ya sinki. Hapo ukaishia. Tuliacha chakula mlangoni pa tundu, kikaoza. Verna hakuruhusu tundu lizibwe.

Mei zikaanza sauti. Jua likielekea kuchwa, nyuma ya ubao wa ukuta penye kiti chako cha mezani, kitu kilipita kikikwaruza, kikanyamaza, kikapita tena, kama mtu anayeuchomoa mkanda kwenye suruali baada ya kazi. Uvuaji wako wa mkanda ulikuwa hivyo hivyo. Tulikuwa watatu mezani mara ya kwanza, karanga za kuchemsha mbele yetu. Shemeji yako Dewey alisema ni mabomba. Baada ya hapo hakukaa tena upande ule wa meza.

Verna alianza kuujibu ukuta. Si maneno makubwa. Alisema mvua imenyesha, au kwamba Bi Lorene amekuja kuchukua bakuli lake. Hatukumkataza. Ukweli ni kwamba nasi tulikuwa tukishusha sauti tukipita pale.

Juni alitoa koti lako la Jumapili alipeleke kanisani wapewe wahitaji. Mkono mmoja ulikuwa na kitu ndani. Akavuta, likatoka gamba zima, limegeuzwa kama soksi, jembamba, lina hata vifuniko vya macho. Bi Hattie alikuwa amejivua ndani ya mkono wako. Koti halikwenda kanisani.

Oktoba, Dewey alikuja kusafisha mifereji ya paa. Tulimsikia akiita kutoka kibanda cha pampu kwamba amempata kichwa-shaba. Verna alitoka bila viatu. Nyoka mwekundu alikuwa amejikunja ukutani, akitikisa mkia kwenye majani makavu, na jembe lilikuwa tayari juu.

"Dewey, shusha hilo jembe."

"Rudi ndani, dada. Huyu akikuuma tutakuzika na wewe."

"Basi mtanizika."

Alipiga magoti kati ya jembe na nyoka, akaingiza mkono ubavuni. Akaumwa, mstari wa matundu madogo kama ya sindano, damu ikatoka. Hakumwachia. Alimwinua kwa katikati, akamgeuza, na ile miraba ikaonekana, myeusi na myeupe, mpaka chini.

Dewey alitupa jembe, akakaa penye matope. Alilibeba jeneza lako begani jicho kavu, Alton, lakini pale alilia kama mtoto. "Amerudi," alisema. "Dada, amerudi, nami nilikuwa namkata."

Verna alikuwa bado anampitisha mikononi, akishuka polepole kuelekea mkiani. Bi Hattie hana ncha ya mkia, ilibanwa na mlango zamani. Mkia huu ulikuwa mzima, umechongoka kama kamba ya kiatu.

"Siye," alisema. "Na hata hivyo hukatwi na mtu."

Akambeba mwenyewe mpaka ukingo wa shamba la mahindi, akamweka chini, akasubiri mpaka akapotea. Aliporudi alinawa damu, akapika. Jioni ile hakuuambia ukuta neno.

Baridi ikaingia, na sauti zikakoma. Hapo ukimya ukawa mbaya kuliko sauti. Tulikuwa tukiacha kutafuna ili tusikilize. Dewey akasema kile ambacho kila mmoja alikuwa anakiogopa: kwamba Bi Hattie amekufa humo ukutani, kwa njaa au kwa baridi, na kwamba harufu itatuambia wapi. Verna hakubisha. Mwishoni mwa Januari alimpigia Corinne, akasema aje na gari.

Walifungasha siku mbili. Vyombo vikaingia kwenye magazeti, picha zikatoka ukutani. Siku ya pili Corinne alivuta droo ya mwisho, yenye mashati yako ya kazi ambayo hakuna aliyekuwa ameyagusa tangu Machi. Kisha akaita, "Mama, njoo," kwa sauti ya mtu asiyetaka kumwamsha mwingine.

Kati ya shati la pili na la tatu palikuwa na gamba. Lilikuwa bado na unyevu. Mashati yalikuwa yamebonyea katikati, duara safi, kama mahali pa kulala. Verna alilinyoosha kitandani kando ya lile la Juni. Upana ulikuwa uleule, hakukonda hata kidogo. Mkia uliishia butu.

Corinne alikaa kitandani. "Amekula nini muda wote huu?" aliuliza, na ndipo tulipotambua kwamba tangu kiangazi hakuna aliyesikia panya darini, katika nyumba ambayo panya walikuwa wakitupokonya mkate.

Hatukumwona. Hatujamwona mpaka leo. Corinne alitoa sahani kwenye magazeti, moja moja, akazirudisha kabatini, akaondoka na gari tupu kama alivyokuja.

Tunaokutaja kila siku: mkeo Verna, binti yako Corinne na mumewe Garland, dada yako Iva, shemeji yako Dewey, na jirani yako Lorene, aliyeomba awekwe humu. Kukusahau hatukuweza, Alton, wala hatukujaribu.

Sanduku sasa liko sakafuni jikoni, kifuniko wazi. Taa yake huwashwa asubuhi, na maji hubadilishwa kila siku. Verna hahami.