Mabruki bin Nani

Kabambare, Mfunguo Nne

Kwa mdogo wangu Abedi, uliyeko Unyanyembe kwa mama yetu.

Nakuletea salamu nyingi, wewe na mama na wote waliomo uani, hata yule jogoo mkorofi kama bado hajachinjwa. Ukiuliza hali yangu, mimi mzima, tumbo linafanya kazi, meno yote yapo isipokuwa lile ulilolivunja wewe kwa jiwe tulipokuwa wadogo. Na nyie je? Mguu wa mama umepoa? Mvua imewatendea vipi? Nijibu moja moja, usiniandikie ile ya "sote wazima" ambayo watu huandika hata siku wanayotoka kuzika.

Mtu wa msafara anayekuletea barua hii ana kibuyu cha mawese. Kisimwagike. Mpe mama, mwambie ni cha baba, naye ataelewa. Wewe utaelewa ukifika chini, basi usirukie chini, nakujua.

Kwanza nijisifu kidogo, maana huku hakuna wa kunisifu vizuri. Kati ya Kasongo na Kabambare hakuna bunduki iliyogoma isiyonijua. Wakubwa wa Kasongo wana mafundi wao, lakini bunduki ikikohoa kweli kweli huletwa kwangu imefungwa nguo kama mgonjwa. Zikishapona zinakwenda wapi, watu husema fundi haulizi. Mimi siulizi kwa sababu najua. Nina nyumba yenye baraza pana, nina shamba la mpunga, na mpunga wa huku, Abedi, ukimtuma mtu ndani yake humwoni kichwa. Kwenye baraza ya waungwana nakaa mkeka wa mbele, na kahawa hunifikia ingali inaunguza ulimi. Hilo la kahawa ulishike.

Habari kubwa ni kwamba nimepata mtoto wa kiume. Mke wangu Feza, yule binti wa Kibangubangu niliyekuandikia habari zake, amejifungua salama. Mtoto ana kichwa kikubwa kama changu na, Mungu ni mwema, uso wa mama yake. Nilimwadhinia mwenyewe, adhana sikio la kulia na ikama la kushoto, nikakosea mahali pamoja tu, na hapo mtoto alipiga chafya hivyo hakuna aliyesikia.

Shida ikawa jina.

Baba mkwe wangu anaitwa Mzee Kalonda, ana kijiji chake kwenye njia ya Wamaza. Kwa desturi ya ukoo wao, mtoto wa kwanza wa binti hupewa jina na baba wa binti. Siku ya jina mzee huja na kuku mweupe mkononi, analitaja, imekwisha. Ukilikataa jina umemkataa mtoto, na mama humbeba mwanawe akarudi kwao, wala hakuna wa kumlaumu. Mimi desturi hiyo niliikubali siku ya kuoa, kwa kuwa siku ya kuoa mwanamume hukubali hata kula nyoka.

Basi mzee akaja mapema kunidokeza, uso unang'aa. Akasema hatampa mtoto jina la kwao, kwa sababu mtoto ataswali, na mtu wa kuswali anataka jina la kuswalia. Amefikiri tangu mimba ikiwa changa. Amechagua jina zuri kuliko yote aliyoyasikia kwa watu wa pwani. Mabruki.

Mimi nikacheka kwanza, nikidhani ananitania. Hakuwa anatania.

Wewe umekulia Unyanyembe, sina haja ya kukufundisha. Mtu akinunuliwa, jina la kwao huachwa njiani, na bwana wake humpa jipya: Mabruki, Feruzi, Almasi, Baraka. Ni mazuri kuliko yetu, kwa sababu mwenye mali hupenda mali yake ipendeze. Mabruki maana yake ni aliyebarikiwa. Lakini baada ya jina hilo hakuna bin. Ni Mabruki wa fulani, kama jembe la fulani. Kila msafara unaopita hapa, ukiita Mabruki, wanageuka watu kadhaa na mizigo yao kichwani.

Mzee Kalonda hakujua hayo; angejuaje? Yeye Mabruki anamjua mmoja tu. Mwaka wa njaa, msafara wa pembe ulilala kijijini kwake. Unajua misafara ya huku; huchukua mchele, na wakati mwingine huchukua mtoto pamoja na mchele. Watu wenye bunduki wakaelekea kwenye ghala lake. Nyampara wao, mtu mrefu mwenye kilemba chekundu, akasimama mlangoni pa ghala akasema atakayetaka mpunga alete nguo, na atakayetaka mtu aanze na yeye. Wakarudi nyuma. Asubuhi walilipa, wakaenda. Kabla hawajaondoka mzee alimwuliza jina na maana yake. Mabruki, akasema, aliyebarikiwa. Mzee aliona mtu mwenye bunduki, mwenye sauti, anayetiiwa, akajua huyo ndiye bwana mkubwa. Na huku kwetu, ambako watumwa wa wakubwa ndio wanaoongoza misafara na kuvaa vizuri kuliko mimi, kosa hilo hata wewe ungelifanya.

Nilimwita Mwalimu Yakubu kutoka Kasongo aje kusoma dua ya akika. Ni mtu mpole, ana elimu ya kweli, si kama hii yangu iliyokatikia Juzuu Amma siku nilipotoroka chuoni. Nilipomwambia jina alinivuta pembeni nyuma ya mgomba. Akasema jina ni dua, lakini pia ni alama. Mtoto huyu amezaliwa muungwana. Kesho atataka kuoa Kasongo, wataulizana huyu ni nani, watasikia jina tu, nao hawatauliza tena. Akanishauri nimwite Abdallah.

Nikamwambia, mwalimu, Abdallah maana yake si mtumwa wa Mungu? Akasema ndiyo. Nikamwambia, na mdogo wangu Abedi je? Akasema nalo linatoka kwenye ibada, ni jina la mja mwenye kuabudu. Nikacheka mpaka kuku wakakimbia. Tazama mambo, Abedi! Sisi waungwana tunajiita watumwa, na wale tuliowafanya watumwa tunawaita waliobarikiwa. Mwalimu akasema utumwa wa Mungu si utumwa wa mtu. Nikamwuliza, na baraka nazo, ni za nani? Akanitazama akasema mtu aliyetoroka kwenye Juzuu Amma asimfundishe aliyekwenda mpaka mwisho. Hapo alinipata.

Nikaamua, kwa werevu wangu unaoujua, mzee ataje Mabruki, mwalimu ataje Abdallah, nyumbani tuite lake, barazani tuite langu. Feza nilipomweleza hakupaza sauti. Alikuwa ananyonyesha. Alisema yeye amezaa mtoto mmoja, hakuzaa wawili, na mtoto mwenye jina la uani na jina la barazani atajifunza mapema kumwonea haya mama yake.

Siku ya saba tukachinja mbuzi, tukamnyoa mtoto, watu wakajaa. Alikuwapo Assumani, mfanyabiashara wa pembe, ambaye yule nyampara mwenye kilemba chekundu ni mtumwa wake. Nyampara mwenyewe alikuwa ametumwa ng'ambo ya Lualaba. Mzee Kalonda, kwa furaha yake, hakungoja. Alipomwona Assumani akamwambia kwamba mjukuu anaitwa kwa jina la yule mtu wake mkubwa. Assumani si mtu mbaya, ila ana mdomo usio na mlango. Akacheka akampiga mzee begani akasema, "Mzee wangu, umempa mjukuu wako jina la mtumwa wangu."

Mkeka wote wa mbele ukacheka. Na mimi, Abedi, nilikuwa nimekaa mkeka wa mbele.

Mzee hakukasirika. Alikuja mpaka nilipokaa, kuku yumo kwapani, akaniinamia kama mtu anayeuliza njia. "Mukwe wangu, ule mutu alisimama ku mulango ya gala yangu. Kama ule ni mutumwa, muungwana iko wapi?"

Nikatazama mkeka. Mimi, niliyeweza kubishana na mwarabu juu ya bei ya risasi mpaka akaninunulia chakula. Mzee akangoja. Kisha akageuka akamwambia binti yake ainuke, na Feza akainuka, akamfunga mtoto mgongoni, akaokota kitambaa chake. Hakunitazama. Alikuwa anafuata desturi niliyoikubali kwa kinywa changu.

Sasa soma polepole. Kama mama yuko karibu, sogea mbali kidogo, kisha umrudie.

Siku niliyotoka Unyanyembe, baba alinisindikiza mpaka nje ya mji, akanikalisha kando ya njia. Aliniambia jambo akasema nisikwambie wewe mpaka awe amekwisha kufa, na ukiwa umeshakuwa mtu mzima. Yametimia yote mawili. Baba tuliyemjua kwa jina la Salimu, jina hilo alijipa mwenyewe siku alipoachwa huru. Yule babu wa Maskati tuliyejisifu naye mimi na wewe, hakuwapo. Kilikuwapo kilemba tu alichonunua sokoni. Baba alitoka huku Manyema. Alichukuliwa akiwa mdogo hata jina la kwao hakulikumbuka. Alikumbuka mto mpana na harufu ya mawese. Jina alilopewa na aliyemnunua ni Mabruki.

Unakumbuka alivyokuwa akiwangoja wapagazi wa huku wamletee kibuyu, nasi tunaziba pua, naye anakishika tu na kukinusa, wala hali? Mimi nililielewa jambo hilo kwa mara ya kwanza nyumbani kwa Mzee Kalonda, sahani ya majani ya muhogo yanaogelea kwenye mawese, kijiko kikanishinda kufika mdomoni. Nikawaambia moshi umeniingia machoni.

Basi Feza alikuwa amefika kwenye kizingiti. Nikasimama. Nikasema kwa sauti ninayotumia kujaribu bunduki: "Mwalimu, andika jina na ulisome mbele ya watu. Mabruki bin Atumani bin Mabruki."

Assumani akafikiri ni mzaha, kwa kuwa mimi ni mtu wa mizaha. Akangoja nicheke. Nikawaambia habari za baba kama nilivyokwambia wewe, fupi, bila pambo, na unajua ilivyo taabu kwangu kusema bila pambo. Hakuna aliyecheka tena. Mwalimu Yakubu akachovya kalamu. Akasema, kwa haki, yapo maandiko aliyosahau kuyataja kule mgombani: Nabii Issa alipokuwa mtoto mchanga mikononi mwa mama yake, alisema Mungu amemfanya mwenye baraka popote atakapokuwa. Akainua mikono akaomba dua, akalisoma jina lote, bin na bin, herufi hazikumkwama. Mzee Kalonda akamkabidhi kuku. Kuku akamtoroka mwalimu akapita katikati ya sahani za wali, na hapo ndipo watu walipopumua.

Feza alirudi akakaa. Alinitazama akasema ningelisema hayo mapema mbuzi asingepoa.

Tangu siku hiyo kahawa ya barazani inanifikia mwisho. Inakuja baridi, na chini ina machicha. Nainywa. Bunduki bado zinaletwa kwangu, maana bunduki iliyoharibika haiulizi bin nani, ila za wale wanaokwenda vijijini siku hizi naziambia hazitengenezeki, na hakuna mwingine Kabambare wa kusema naongopa.

Linaloniuma ni lako. Najua umeposa nyumba ya watu wakubwa wanaopima ukoo kama wanavyopima pembe. Habari zitafika huko, misafara haina siri. Sikukuuliza, nimekutangaza pamoja nami, na hilo ndilo ninaloliombea radhi. Wakikuvunjia posa, njoo huku. Mzee Kalonda ana binti mdogo mwenye akili kuliko sisi wawili. Wasipokuvunjia, basi huyo mchumba muoe upesi, ni watu wa kweli. Ukitaka kunikana nikane, lakini usimkane baba. Yeye alishakanwa vya kutosha na dunia.

Nisalimie mama, mwambie mkono wake naubusu na asinikasirikie. Najua atalia kidogo kisha atacheka. Wasalimie majirani wa kulia. Wa kushoto wasalimie pia, japo wana jembe letu. Feza anakusalimu, Mzee Kalonda anakusalimu na anauliza kama huko kwenu mpunga unafika kiunoni. Mtoto hasalimu bado, analia, lakini ukimwita jina lake ananyamaza.

Ni mimi kaka yako,
Atumani bin Mabruki