Chupa Zenye Sura ya Dada

Suncheon, 9 Machi 1976

Dada yangu Ok-bun,

Shikamoo. Natumai barua hii itakukuta mzima, na kile kikohozi cha baridi kimekuachia. Sisi hatujambo. Mke wangu anakusalimu, na watoto wanaulizia viazi vitamu vyako.

Dada, nitasema bila kuzunguka. Nilimleta Mkuu Tak wa ofisini kwetu kwako kwa nia njema, uandikishwe kwenye mbegu mpya. Ukatukaribisha na nini? Matumbo ya samaki kwenye mtungi! Halafu lile sanduku la wali ulioota manyoya meupe, ukamsogezea mpaka puani: "Nusa, Mkuu, hii ni hai." Mtu mzima yule alitapika ukutani kwako mbele ya majirani. Garini, tulipofika barabara kuu, akaniuliza, "Yule ni dada yako wa damu?" Nilitamani kufa.

Mimi ni ofisa kilimo. Kazi yangu ni kuwaonyesha watu njia ya kisasa, na dada yangu anafuga uozo uani! Kijijini wanakuita Mama Uvundo, unajua? Tupa mitungi ile. Panda mpunga mpya; mbolea na dawa tutakuletea mpaka mlangoni. Usinitie aibu tena.

Mdogo wako,
Du-sik


Daetgol, 20 Machi 1976

Mdogo wangu Du-sik,

Marahaba. Kikohozi kimekwisha. Nguruwe jike amezaa na watoto wote wananyonya vizuri. Mwambie mkeo viazi vipo, aje mwenyewe avichukue, maana wewe ukija unakuja na wakubwa.

Kutapika kwa Mkuu wako kumenichekesha mpaka mbavu zikauma. Ule mtungi wa mbolea ya samaki ni kweli uliharibika. Sukari niliipunja, nikaumwaga. Ukiwa sawa unanukia kama sosi ya soya iliyokomaa. Najifunza, Du-sik, na hakuna wa kunifundisha. Lakini ule wali haukuoza. Manyoya yale nimeyatoa chini ya majani ya mianzi nyuma ya nyumba, kule ambako udongo ni laini bila mtu kuulima. Nimeyachanganya na pumba za mpunga, nikatandaza bandani. Mngeingia mngejionea: banda la nguruwe, na halinuki.

Unaniambia habari za uvundo. Uvundo ninaoujua mimi ni ule uliokuwa kwenye nguo za shemeji yako, Jong-gu, siku aliyonyunyiza dawa yenu ya wadudu na upepo ukimrudishia usoni. Alirudi anatokwa povu, mboni za macho zimesinyaa kama ncha ya sindano. Nilimwosha, nikamwosha, harufu haikutoka. Tulimzika nayo. Mpaka leo nikiona debe la dawa ile, lenye picha ya shuke la dhahabu, nageuza njia. Ndiyo maana nilianza kuhangaika na mitungi, nilirutubishe shamba bila vitu vyenu. Usiniletee kitu mlangoni.

Dada yako,
Ok-bun


Daetgol, 6 Mei 1976

Du-sik,

Hali yako sikuulizi. Nilikuona jana, afya unayo.

Niliposikia gari lenu nilidhani umekuja kula. Nikaingia jikoni kupasha supu. Nilipotoka, mabuti yenu yalikuwa tayari kwenye kitalu changu, na Mkuu Tak amesimama juu ya tuta akipiga kelele, "Mbegu ya zamani ni marufuku! Kanyageni yote!" Miche ilikuwa imefika kidole urefu, mizuri, ya kijani kibichi. Nikakuita, "Du-sik, waambie!" Ukanitazama mimi, ukamtazama yeye. Akasema, "Ofisa Maeng, mbona umesimama? Unaogopa kuchafua mabuti?" Wenzako wakacheka. Ukaingia.

Na ulikanyaga kwa bidii kuliko wao wote. Ulikuwa unazungusha kisigino kama mtu anayeua mende.

Halafu ukaja kisimani kwangu kuosha mabuti! Ukaniambia, "Dada, hii ni kazi tu. Kuna supu?" Supu! Uliniona nilivyoibeba sufuria nzima nikawamwagia nguruwe, na ulisikia nilichokuita. Narudia hapa kwa mkono wangu kwamba sikukosea neno hata moja. Nimepata kichefuchefu ambacho sikukipata hata nilipokuwa namwosha mume wangu. Dawa ile haikunijua. Wewe unanijua.

Mbegu ninayo nyingine. Mahali nitakapoipanda sikwambii.

Ok-bun


Suncheon, 15 Mei 1976

Dada,

Shikamoo, hata kama hutaki kuiitikia.

Ningesimama pale juu, leo nisingekuwa na kazi, na watoto wangu wangekuja kula kwako. Ungewalisha nini, ukungu? Umesahau tulipokuwa wadogo mama akituchemshia magome ya msonobari, tukafunga choo mpaka tukalia? Mimi sikusahau. Mpunga mpya unazaa sana, watu wanashiba. Kama ni lazima kukanyaga kitalu cha mtu mmoja ili wengi washibe, nitakanyaga.

Tena ulinitukana mbele ya wenzangu kwa maneno ya walevi. Mpaka sasa wanayarudia ofisini. Kama kuna mwenye haki ya kuona kinyaa, ni mimi. Mpaka utakapoomba radhi, sitaandika tena.

Du-sik


Suncheon, 12 Oktoba 1978

Dada yangu kipenzi,

Shikamoo sana. Habari za siku nyingi? Magoti hayakusumbui? Wanao hao wa nguruwe je? Sisi tunaendelea, ila mke wangu amepungua kidogo kwa mawazo.

Bila shaka umeona mwaka huu ulivyokuwa. Mpunga ule mpya umeumwa bonde zima. Mashuke yamevunjika shingo, meupe, hayana punje ndani. Wakulima walikuja kutupa mabua mlangoni pa ofisi. Mkuu Tak amehamishwa. Nilipita barabara ya juu nikaliona shamba lako lile nyuma ya mianzi limeinama kwa uzito, njano tupu. Nilisimamisha baiskeli nikashindwa kuondoka.

Nasikia watu wanavuka mlima kuja kwako, wanakaa uani na unawafundisha wote, mpaka waliokuwa wakikuita Mama Uvundo. Ni jambo zuri. Lakini Dada, wewe huna akili ya biashara. Nimeacha kazi, nimepanga chumba karibu na soko, natia yale maji yako ya mbolea kwenye chupa. Yaani yanayofanana na yako, nimejaribu mwenyewe kwa kukumbuka. Kwenye karatasi ya chupa nimeweka picha yako ya siku ya harusi yangu, ukiwa na ile nguo nyeupe. Umependeza. Watu hawana subira ya kuchokoa chini ya mianzi. Wanataka kununua na kwenda zao.

Nimekutumia chupa moja kwa dereva wa basi. Onja, nusa, sema ndiyo. Tusahau yaliyopita, sisi ni damu moja.

Mdogo wako akupendaye,
Du-sik


Suncheon, 3 Desemba 1978

Wewe Ok-bun,

Salamu sina.

Wiki zote hizi nakungoja unijibu, kumbe jibu lako ni kuja sokoni siku ya gulio, umejitanda kitambaa kichwani kama ombaomba, ukapanga foleni kwenye meza yangu! Nilikutambua ulipokwisha kufungua chupa. Ukaimimina kwenye bakuli la yule muuza maandazi na kuanza kuwapitishia wateja wangu. "Nuseni. Hii ni sukari iliyoungua na manukato ya sabuni. Mwenye sura hii ni mimi hapa, na sijawahi kuitengeneza." Ukavua kitambaa. Wakatazama chupa, wakakutazama wewe.

Nilikunong'oneza, "Dada, twende ndani tukaongee." Ukajibu kwa sauti ya soko zima, "Humo ndani mna nini, mabuti?"

Mzee mmoja akakuuliza, "Mama, kwa hiyo huyu ni tapeli?" Nawe ukasema, "Huyu ni mdogo wangu wa tumbo moja. Na tapeli ni yeye pia." Walivyocheka! Halafu ukatandika mkeka mbele ya meza yangu, MEZA YANGU, ukawafundisha bure: wali uliopoa, sanduku la mbao, karatasi juu, majani ya mianzi. Mpaka jioni. Waliokuwa wamenunua walirudisha chupa zao, na mwanamke mmoja akaninyunyizia yake kifuani.

Chumba nimefunga. Mke wangu amekwenda kwao. Ukiniona njiani, nipite kama hunijui.

Du-sik


Daetgol, 21 Februari 1979

Mdogo wangu,

Natumai u mzima, na mkeo amerudi. Nimemwandikia mama yake nikamwambia nyumba ya Maeng ina mjinga mmoja tu, si wawili. Magoti yananiuma. Watu wanaendelea kuja. Wiki hii nimepata wanandoa waliotembea kutoka ng'ambo ya mto kwa ajili ya banda la nguruwe.

Jana ilikuwa siku ya kumkumbuka marehemu mama. Nilipanga meza kama inavyotakiwa, samaki, wali, supu ya nyama, nikakungoja, maana kummiminia marehemu pombe ya tambiko ni kazi ya mtoto wa kiume. Baba mdogo alifika, wajomba wakafika. Supu ikapoa mpaka mafuta yakaganda juu. Nikaipasha. Ikaganda tena. Baba mdogo akauliza, "Yule mwana yuko wapi?"

Basi nikachukua birika nikamimina mimi. Baba mdogo aligeukia ukutani, akasema mwanamke kumimina ni uchafu, hatakula chakula kile. Na kweli hakula. Nusu ya pombe ilimwagika mezani, lakini nilimimina.

Nilipoinama mbele ya meza nilimweleza mama habari zako zote, kitalu, supu, chupa, bila kupunguza. Nikamwambia nakuonea kinyaa, kile cha kweli, kinachomfanya mtu aoshe kikombe mara mbili. Nikamwambia pia kwamba nilikuwa nimekaa upande wa dirisha tangu asubuhi nikitazama barabara. Nilitaka ayasikie yote mawili kutoka kwangu mimi.

Dada yako,
Ok-bun